Mpimaji Namba Nne

Shangazi yangu aliwahi kuitwa mwongo mbele ya watu kumi na mmoja, siku ya Jumanne, kabla ya chai ya saa nne. Naanza hapo kwa sababu hata yeye huanzia hapo. Ukimuuliza habari za mgongo, atakupa habari za mgongo, kisha atakutajia Jumanne ile. Miaka ishirini na sita imepita na bado anakumbuka nani alikuwa amekaa na nani alikuwa amesimama.

Mimi ni mtoto wa kaka yake. Nafundisha udereva, kwa hiyo subira yangu yote huishia kazini. Nikifika nyumbani sina hata ya kumpa paka. Mara nyingi nilimwambia, "Shangazi, yaliyopita si ndwele." Naye hunijibu, "Ganga yajayo wewe. Yangu mimi hayajapita." Basi nanyamaza, maana kubishana naye ni kutwanga maji kinuni.

Kazi yake ilikuwa kupima nyota kwenye kituo cha darubini. Majirani waliposikia hivyo wakamfanya mpiga ramli. Mama mmoja wa nyumba ya pili alimletea tarehe ya kuzaliwa ya kijana aliyemposa bintiye, akitaka kujua kama nyota zao zinaendana. Shangazi akamwambia kwamba nyota anazozipima yeye ziko mbali mno, hazijapata hata habari kama kijana huyo amezaliwa. Yule mama alinuna mwezi mzima, na harusi ikafanyika hivyo hivyo.

Cha kuchekesha ni kwamba usiku Shangazi alikuwa analala kama watu wengine. Waliokesha na darubini walikuwa wanaume watatu wenye makoti mazito. Wao walipiga picha za anga juu ya vioo, kila kioo kikubwa kama daftari la shule lililofunguliwa, kimepakwa dawa ya picha upande mmoja. Asubuhi vioo vikishakauka vililetwa chini, kwenye chumba chenye mapazia mazito na meza nne zenye taa ndani yake. Hapo walikaa wapimaji wanne, kila mmoja na lenzi yake, kalamu yake ya wino na daftari lake. Hawakuitwa kwa majina. Kwenye kila ukurasa iliandikwa namba ya mpimaji, na Shangazi alikuwa namba nne.

Aliipata kazi hiyo kwa macho yake. Watu wengi wakitazama Kilimia huhesabu nyota sita. Yeye tangu utotoni alihesabu tisa, na baba yangu alikuwa akipata hela za peremende kwa kuwawekea dau watoto wenzake wasioamini. Siku ya usaili walimpa kioo kimoja, wakamwambia ahesabu mawingu. Kwenye vioo vile kila kitu kimegeuka: anga ni nyeupe na nyota ni vitone vyeusi. Nyota ina ukingo mkali. Galaksi haina; ni kama mtu ameweka kitone cha penseli kisha akakisugua na kidole. Nebula nayo imetapakaa zaidi, kama chai iliyomwagika kwenye kitambaa. Waliompa kioo walijua kina mawingu kumi na saba. Shangazi akahesabu kumi na tisa, wakachukua lenzi nzuri zaidi wakahesabu upya wenyewe, wakapata kumi na tisa, na siku ya pili akaanza kazi. Alikuwa na miaka ishirini na minne.

Miaka kumi na miwili alikaa kwenye meza ile. Nikiwa mdogo alinisimulia habari za wale waliotangulia, watu wa zamani wa nchi za mbali, kama mtu anayesimulia habari za wajomba zake. Kulikuwa na mmoja aliyewinda nyota zenye mkia maisha yake yote. Vile viwingu visivyosogea vilimpotezea muda, kwa hiyo akaviandikia orodha, ili yeye na wenzake wajue vya kupuuza. Leo watu wachache wanakumbuka nyota mkia alizozipata, lakini orodha ya vya kupuuza kila mwenye darubini anayo. Kulikuwa na kaka na dada, kaka akitazama, dada akiandika namba kwenye baridi mpaka wino unaganda, na baadaye dada naye akapata vya kwake. "Na alipovipata," Shangazi alikuwa akisema, "hakuna aliyemwambia amevibuni."

Sasa nieleze ile Jumanne.

Sheria ya chumba kile ilikuwa kwamba kioo kimoja si shahidi. Dawa ya picha huwa na mapele, vumbi huganda, na pele likikaa vizuri linafanana na galaksi kama pacha. Kwa hiyo kila sehemu ya anga ilipigwa picha mara mbili, vioo viwili vikielekezwa mahali pamoja. Mpimaji wa kwanza alitia alama za wino kwenye kioo chake, akapima kila alama iko milimita ngapi kutoka kushoto na ngapi kutoka chini, akaandika daftarini. Kisha mtu mwingine alichukua kioo cha pili na kutafuta kwa zile namba. Kiwingu kikiwepo, kimepita. Kisipokuwepo, kinafutwa.

Kwenye kioo kimoja Shangazi aliona viwingu arobaini na kimoja, vimesongamana kama siafu kwenye mfupa. Alijua maana yake. Kilikuwa kishada cha galaksi, yaani galaksi zinazoishi pamoja, na kwenye orodha za kituo hakikuwamo. Alivipima kwa siku tatu, akapeleka daftari kwa mkuu wa chumba.

Mkuu huyo tulimwita Daktari, ingawa hajawahi kumpa mtu kidonge. Alikuwa mwanaastronomia hodari na mwenye hasira za karibu. Alikichukua kioo cha pili, akatafuta namba ya kwanza, hakuona kitu. Ya pili, hakuna. Alitafuta zote arobaini na moja na kila mahali palikuwa peupe. Mtu akikosea kimoja au viwili, amechoka. Akikosea vyote, kwa akili ya Daktari, hakutazama kabisa. Akaona Shangazi alikaa siku tatu akiandika namba za kichwani ili aonekane anafanya kazi. Jumanne Daktari akaja na daftari mkononi, akawakusanya wapimaji, wapiga picha, wafagiaji na karani, akasema mbele yao wote, "Huyu ametuletea vitu vya kubuni." Akaandika hivyo hivyo kwenye ukurasa, kwa wino mwekundu: vya kubuni.

Kioo cha Shangazi kikafungiwa kabatini. Yeye akaondolewa mezani, akapewa kazi ya kuandika namba juu ya bahasha za vioo, na akakatazwa kuzifungua. Kila mtu alidhani ataacha kazi. Hakuacha. "Ningeacha ningekuwa nimekiri," aliniambia. Akaandika bahasha miaka kumi na tisa, hatua nne kutoka kwenye meza yake ya zamani, mpaka akastaafu. Mimi ningetia moto jengo. Ni vizuri hawakuniajiri.

Mwaka huu kituo kimeanza kuviingiza vioo vyote kwenye kompyuta. Kazi hiyo anayo msichana mmoja tunayemwita Binti Skana, maana siku nzima yuko na mashine yake ya skana. Kwanza anakipiga picha kioo kikiwa na alama zake za wino, kisha anaufuta wino kwa spiriti, ndipo anakiweka kwenye mashine. Maandishi ya madaftari nayo anayachapa yalivyo, neno kwa neno. Jumatano moja alimpigia simu Shangazi.

"Mama, samahani kukusumbua. Kuna kioo hapa kina wino haufutiki. Umeandikwa upande wa dawa. Nikisugua naondoa na picha. Bahasha inasema mpimaji namba nne."

Shangazi alikuwa anakunja nguo. Akauliza kitu kimoja tu, "Kina alama ngapi?"

"Arobaini na moja."

Alikaa juu ya nguo zilizokunjwa. Nilimnyang'anya simu nikamuuliza binti yule maneno ya daftari nayo anayafanya nini, akasema anayachapa yalivyo, na kwamba orodha inafungwa Ijumaa saa kumi na moja jioni. Baada ya hapo inatumwa kwa watu wa nchi zote, na haiguswi tena. Hapo ndipo na mimi nilipokaa. Ina maana ile Jumanne, iliyokuwa ya watu kumi na mmoja, ilikuwa inakwenda kuwa ya dunia nzima.

Alhamisi asubuhi tulikuwa kituoni. Lazima niseme kidogo kuhusu gari langu. Ni la kufundishia, lina breki ya pili mbele ya kiti cha abiria, na Shangazi huitumia. Haogopi mwendo, anaitumia tu akiwa na hoja. Njia nzima alikanyaga mara tatu, kila mara akitaka nimsikilize vizuri anaposema kwamba hakubuni.

Binti Skana alikuwa msichana mwembamba mwenye glavu nyeupe za pamba. Alimwamkia Shangazi kwa heshima, akamvutia kiti, akamletea kile kioo kwa mikono miwili. Shangazi hakukaa. Alikishika kwa kingo, akakiinamisha kuelekea dirishani ili mwanga uteleze juu yake. Upande mtupu wa kioo hung'aa. Upande wa dawa umefifia kama ukuta uliopigwa chokaa. Wino wake, miviringo arobaini na mmoja midogo nadhifu, ulikuwa upande uliofifia.

Alikitazama muda mrefu. Kisha akaniambia, kwa sauti ya mtu anayetaja bei ya chumvi, "Nilikilaza kinyume."

Sikuelewa. Alinieleza akiwa bado amekishika. Kioo hulazwa mezani dawa ikiwa chini, juu ya fremu isiyoigusa, na wino hutiwa juu, upande mtupu. Aliyepiga picha huandika namba kwenye pembe, upande wa dawa. Ukiiona namba imegeuka kinyume, ujue umelaza sawasawa. Kioo kile pembe yake ilikuwa imevunjika, ikaondoka na namba. Siku ile alikilaza dawa ikiwa juu, na kila kilichopaswa kuwa kushoto kikawa kulia. Namba zake zote arobaini na moja zilikuwa sahihi kwa kioo kilichopinduliwa. Daktari alipozitafuta kwenye kioo cha pili kilicholazwa vizuri, alitafuta upande ambao hakukuwa na kitu.

"Kwa nini ulikilaza hivyo?" nikamuuliza.

"Sijui. Ilikuwa siku kama siku nyingine."

Nilimwona anavyolipokea lile neno na moyo ukaniuma. Miaka ishirini na sita alijua kuna mtu amekosea. Hakuwahi kuwaza kwamba mtu huyo angeweza kuwa yeye. Nilidhani atalia au ataniambia twende nyumbani. Alichofanya ni kuvua saa ya mkononi, kuomba glavu na kuomba lenzi.

"Nipe na kioo cha pili," akamwambia binti. "Na karatasi. Upana ni milimita mia mbili. Nitatoa kila namba kwenye mia mbili, nione."

Alikaa pale kuanzia saa tatu mpaka saa tisa. Aliinuka mara moja tu kwenda msalani, magoti yakalia kama mlango usiotiwa mafuta. Alikuwa akitoa, akipima, akitazama, akitia vema. Mimi na Binti Skana tulihesabu naye kimoyomoyo. Cha kwanza kilikuwepo. Cha pili kilikuwepo. Cha kumi na nne hakikuwepo, akatia mkasi, alama ya kosa, bila kusita, nikataka kumwambia atazame tena, akanikata jicho. Mwisho wake alikuwa na vema thelathini na tisa na mikasi miwili.

"Viwili ni vumbi," akasema. "Thelathini na tisa vipo."

Binti Skana alikuwa amekunja uso muda mrefu. Akasema, "Mama, thelathini na tisa? Kwenye kioo hiki?" Akaenda kabatini akarudi na kijitabu chembamba cha kituo, cha miaka ishirini na mitano iliyopita. Ndani yake kulikuwa na makala ya Daktari, yenye picha ya kioo kile kile cha pili, kuhusu kishada kipya cha galaksi. Galaksi thelathini na tisa. Kwa ajili ya kishada hicho Daktari alialikwa kuhutubia nchi tatu, na picha yake inaning'inia mapokezi hadi leo. Alikigundua miezi minane baada ya ile Jumanne, alipokuwa akikipitia kioo cha pili kwa kazi nyingine, na akakitangaza kuwa chake.

Nilifoka. Nilisema maneno ambayo mwalimu wa udereva huyaweka akiba kwa madereva wa malori. Shangazi akanyoosha mkono kuninyamazisha.

"Hakuiba," akasema. "Angejua angeona aibu. Hakujua. Hata mimi sikujua."

"Mama," Binti Skana akasema polepole, "mimi naweza kuliacha hilo neno. Nisilichape tu. Nani atajua?"

Lilikuwa neno la wema, na mimi ningelipokea kwa mikono miwili na miguu. Shangazi akamtazama kwa upole. "Mwanangu, neno la daftari hubadilishwa na mkono ulioliandika. Sheria hiyo ipo?"

"Ipo. Kama mwenyewe yuko hai."

"Yuko hai?"

"Yuko hai."

Ijumaa saa nne tulikuwa njiani kwenda kwa Daktari, tukiwa na fomu ya masahihisho. Nilijaribu mara moja tu kumshauri. Nilimwambia mzee ana miaka themanini na moja, ana jina, ana picha mapokezi; atakubali vipi? Angoje kwanza, tumtume mtu mwenye cheo. Breki ikakanyagwa katikati ya barabara, nyuma yetu honi zikalia.

"Nimengoja kwenye bahasha miaka kumi na tisa," akasema. "Leo saa kumi na moja wanafunga. Endesha."

Nikaendesha.

Nyumba ya Daktari ilikuwa na ukumbi mdogo uliojaa vitabu na viti viwili vya kamba. Binti yake, mama wa makamo, alitufungulia, akatuonya kwamba baba haoni vizuri, macho yana ukungu na operesheni hataki kusikia. Daktari alikuwa ameketi karibu na dirisha na blanketi magotini. Shangazi alimwamkia. Mzee aligeuza kichwa.

"Sauti hiyo ni ya namba nne," akasema.

"Ndiyo, Daktari. Nimekuja kwa ajili ya daftari."

"Miaka yote hiyo umelala na daftari tu?"

"Silali nalo. Linalala na mimi."

Alimweleza yote, bila kupamba, akianza na kosa lake: kwamba alikilaza kioo kinyume. Mzee alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema, "Umetafuta njia nzuri ya kuniambia kishada changu ni chako. Ulibuni siku ile, na leo umebuni tena. Namba zangu zimechapishwa. Mtu yeyote anaweza kuzitoa kwenye mia mbili akaziita zake."

Nilisimama. Shangazi akanivuta sketi, nikakaa.

"Una haki ya kusema hivyo," akamwambia. "Ila hii hapa ni nakala ya ukurasa wangu wa siku ile, na wino wako mwekundu uko juu yake. Mwambie bintiyo aikague. Kisha mwambie alete daftari lako mwenyewe, la mkono, kabla hakijachapishwa kitu. Yeye asome ya kwako, mimi nisome ya kwangu. Wewe jumlisha."

Nadhani kama angekuwa mtu wa aina nyingine angetufukuza, lakini alikuwa amepima vitu maisha yake yote na hakuweza kukataa kupima. Akamwambia bintiye achukue daftari la kijani, rafu ya chini. Binti akaichukua na ile nakala, akaisogeza mwangani. "Mwandiko ni wako, baba," akasema. "Umeandika vya kubuni." Akamrudishia Shangazi.

Wakaanza.

"Ya kwanza," akasoma binti. "Kutoka kushoto, mia moja thelathini na saba. Kutoka chini, tisini."

"Sitini na tatu," akasoma Shangazi. "Kutoka chini, tisini."

"Mia mbili," akasema Daktari. "Inayofuata."

"Themanini na mbili. Chini, mia moja na nne."

"Mia moja kumi na nane. Chini, mia moja na nne."

"Mia mbili. Inayofuata."

Ya tano ilitoa mia mbili na nukta mbili. Nikashtuka, lakini mzee akasema peke yake, "Nukta mbili ni mkono wako au mkono wangu. Inayofuata." Binti alileta chai, ikapoa. Kufika ya kumi na mbili sauti ya Daktari ilikuwa imeshuka. Kufika ya ishirini binti yake alisita kusoma, akamtazama baba yake kwa huruma, akasema, "Baba, si imetosha?"

"Soma," akasema mzee. "Yeye alipima zote. Mimi nitajumlisha zote."

Walisoma zote thelathini na tisa. Ya mwisho ilitoa mia mbili kamili. Shangazi akakunja karatasi yake, akasema zimebaki mbili ambazo hazina mwenza, na hizo ni vumbi, asihangaike nazo.

Daktari alimgeuzia uso. Kisha akasema, "Nilikuita mwongo."

"Uliniita."

"Mbele ya watu."

"Kumi na mmoja."

"Kioo cha pili nilikuwa nacho mezani. Ningekigeuza mara moja tu ningeona. Nilikuwa na hasira, nilitaka sana uwe umekosea." Alipapasa blanketi kama aliyeangusha kitu. "Kwa macho yale uliyokuwa nayo. Nikakuweka kwenye bahasha."

Nilitaka Shangazi aseme kitu kikali. Nilikuwa nimemwandalia hata maneno. Yeye akaweka fomu mapajani mwa mzee, na kalamu kwenye vidole vyake, akamwambia saa ni saba na nusu.

Bintiye alimshika mkono kuuelekeza kwenye mstari. Mzee aliandika kwa herufi kubwa zilizopishana, akitamka kila neno anapoliandika: kwamba galaksi thelathini na tisa zilionwa kwanza na mpimaji namba nne, miezi minane kabla yake. Akasimamisha kalamu.

"Na kioo kugeuzwa," akasema Shangazi. "Andika ni mimi niliyekigeuza."

"Si lazima. Nitaandika palitokea kosa la upimaji. Basi."

"Andika ni mimi."

"Namba nne, hii inakwenda kwa kila mtu. Watasoma hivyo watasema ulikuwa mzembe."

"Nilikuwa mzembe," Shangazi akasema. "Siku moja. Mwongo sikuwa hata siku moja. Usiponiandikia la kwanza, hawatakuamini la pili."

Mzee akaandika yote mawili.

Tulifika kituoni saa kumi kasoro robo. Binti Skana alichapa maneno yale na nakala ya fomu akaiweka kwenye faili. Akamuuliza Shangazi kama angependa kuyasoma kwenye kompyuta kabla hajayafunga. Shangazi akasema miwani ameiacha garini, asomewe. Miwani ilikuwa shingoni mwake, inaning'inia kwenye mkufu, na hakuna kati yetu aliyemwambia.

Binti akasoma: "Galaksi thelathini na tisa, zilionwa kwanza na mpimaji namba nne. Alama mbili ni vumbi. Kioo kiligeuzwa na mpimaji mwenyewe kwa bahati mbaya. Mpimaji hakubuni kitu."

"Hapo mwisho," Shangazi akasema.

"Mpimaji hakubuni kitu."

"Tena."

Binti akasoma tena, polepole, na safari hii Shangazi akalia kwa sauti, amesimama, mikono yote miwili juu ya meza ya taa.